Mianzi ya bustani: watu wanavyosema na ilivyo kweli

Jamani naomba niliandike hili maana mwezi huu pekee nimeulizwa na watu watatu, mmoja wa Goba, mmoja Mbezi Beach, mwingine Kigamboni, wote wanataka kupanda mianzi kando ya ukuta ili jirani wa ghorofani asiwe anawaangalia wakianika nguo, na wote wameshajazwa maneno.

"Mianzi yote inatambaa, ukipanda tu imemaliza kiwanja." Sio kweli. Kuna mianzi ya namna mbili na hapa ndo pa kukaa kwanza kabla hujatoa hela. Kuna inayokaa kichaka, shina lake la chini ya ardhi ni fupi na nene kama tangawizi, chipukizi linatoka ubavuni kwa mama yake, kwa hiyo kichaka kinanenepa polepole tu. Ile ya njano yenye mistari ya kijani iliyojaa Dar ni ya hivyo, na ile ya kugemea ulanzi kule Iringa na Njombe nayo ni ya kichaka. Halafu kuna inayotambaa, shina lake la chini ni jembamba, linapita mlalo kama ukoka, na kwa msimu mmoja linaweza kwenda mita kadhaa kabla halijatoa kichwa juu. Katika hizi za kutambaa, ya urembo inayojulikana sana ni Phyllostachys aurea, ile miembamba ya kupendeza inayogeuka njano ikipigwa na jua.

"Muuzaji ataniambia ni ipi." Anaweza asijue, kwake yote ni mianzi na simlaumu. Angalia mwenyewe. Pitisha kidole kwenye pingili, yaani kile kipande kati ya kifundo na kifundo, juu kidogo ya pale matawi yanapotokea, Phyllostachys ina kamfereji unakasikia kabisa, na kila kifundo kinatoa matawi mawili, moja nene moja jembamba. Aurea ukiichungulia chini karibu na udongo vifundo vimebanana vimekaa upandeupande. Ile ya njano ya kichaka ni duara, na matawi yanatoka fungu zima.

"Ukuta wa fensi utaizuia." Hili limemkuta mama mdogo. Alipanda ya kutambaa, mwaka wa kwanza kimya, wa pili kimya, mwaka wa tatu masika yalipoanza akaniita nikaangalie, pevingi tatu zimeinuka na katikati kuna chipukizi limechongoka kama pembe ya mbuzi. Tukachimba kufuata, kumbe limepita kwenye ufa wa msingi wa fensi, huko kwa jirani kulikuwa na machipukizi manne! Mianzi haitoboi zege zima kama watu wanavyotishana, ila ufa ikiukuta inaingia. Shina hili kwa kawaida halizami sana, mengi yapo ndani ya sentimita 30 za juu, ndo maana kinga yake inawezekana: plastiki nzito, kina cha sentimita 60 hadi 75, ibaki kama sentimita 5 juu ya udongo, na pale inapoungana ibane kabisa maana ndo mlango wenyewe. Huna hela ya plastiki, chimba mtaro kuzunguka, uache wazi, kila mvua ikikatika zunguka na panga ukate yanayochungulia. Chungu nacho hakiaminiki kikikaa juu ya udongo, linatokea kwenye tundu la maji.

"Mwaga oili chafu au chumvi itakufa." Naomba sana msifanye hivi. Unaua udongo wako na wa jirani, hapo baadaye hata mchicha hautaota. Dawa yake ni kuchimba lile shina lote utoe, au ukate kila chipukizi linalotoka, tena na tena misimu kadhaa, mpaka akiba iliyoko chini iishe. Kukata mara moja ukaondoka ni kazi bure.

"Mianzi inaleta nyoka." Nyoka anafuata panya, na panya anafuata rundo la majani makavu na takataka. Fagia chini, punguza mianzi iliyozeeka. Ninachokiogopa mimi ni mbu, na hiki hakisemwi kabisa. Mwanzi uko wazi ndani, fundi akikata katikati ya pingili anakuachia kikombe, mvua inakijaza, na mbu wa dengue anazaliana humohumo. Dar dengue tumeiugua 2014, tukaiugua tena 2019. Kwa hiyo kata juu tu ya kifundo, pasibaki shimo, na vile vikombe vya zamani vijaze mchanga leo.

"Ni miembamba sasa, itanenepa." Hapana, mwanzi unatoka ardhini na unene wake uleule na urefu wake unaumaliza ndani ya miezi michache. Wanaonenepa ni wadogo zake watakaofuata. Kwa hiyo ukipanda leo usitegemee pazia mwakani, na kiwanja kikiwa kidogo achana na ile ya njano, inafika mita 10 na kuzidi, tafuta Bambusa multiplex, ni ya kichaka, inakubali kukatwa kama uzio.

Mama mdogo yake bado ipo. Tuliweka plastiki, jirani tukamchimbia yake yote, na Jumamosi za masika yupo nje na jembe anazunguka.