ADB: daraja kati ya kompyuta na simu

ADB, kifupi cha Android Debug Bridge, ni programu ya chanzo huria inayoiwezesha kompyuta kuiamrisha simu ya Android kwa maandishi. Ilitengenezwa kwa ajili ya wasanidi programu, ila inamfaa yeyote asiyeogopa kuchapa amri.

Daraja hili lina vipande vitatu. Amri unayoandika hupokelewa na mteja, yaani programu ya `adb` yenyewe kwenye kompyuta, naye humkabidhi seva, ambayo hukaa kimya ndani ya kompyuta ikisikiliza kwenye poti 5037. Ndani ya simu kuna mtumishi aitwaye adbd. Huyo ndiye anayetekeleza. Basi kebo ikiwa nzima na bado simu haionekani, jaribu `adb kill-server` halafu `adb start-server`. Mara nyingi ni seva tu iliyoduwaa.

Mlango wa simu hufunguliwa na mwenye simu. Gusa Nambari ya muundo mara 7 kwenye mipangilio, kisha uwashe Utatuzi wa USB. Tangu Android 4.2.2, simu huuliza pia kama unaiamini kompyuta hiyo; usipokubali, `adb devices` itaandika `unauthorized` na hutapita. Ndiyo maana aliyevunja kioo kabla ya kutoa ruhusa hii huwa amekwama: swali linaulizwa pale pale asipoweza kugusa.

Ukishavuka, `adb pull /sdcard/DCIM` huleta picha zako kwenye kompyuta, `adb push` hupeleka mafaili upande wa pili, na `adb install` huweka programu. Ninayoipenda zaidi ni `adb shell pm uninstall --user 0` ikifuatwa na jina la kifurushi, yaani jina ambalo mfumo huitambulia programu: huondoa hata zile programu zilizokuja na simu, ambazo mipangilio hukataa kuzifuta. Kwa kweli hazifutiki kabisa. Zinabaki kwenye mfumo, na ukirejesha simu katika hali ya kiwandani zinarudi. Usiguse kifurushi usichokijua, maana simu inaweza kugoma kuwaka.

Juu ya daraja hilohilo hupita programu ya scrcpy, inayoleta kioo cha simu kwenye kompyuta ukakiendesha kwa kipanya. Kuanzia Android 11 hata kebo si lazima: `adb pair` huunganisha kwa Wi-Fi.

Kwa iPhone, ADB haina kazi. Huko hutumika seti ya programu huria iitwayo libimobiledevice, ambayo amri yake `idevicebackup2` huhifadhi nakala ya simu bila iTunes.