Cleopatra Koheirwe na kazi ya mwigizaji asiye nyota

Kila nikianza na darasa jipya la waigizaji hapa Kampala, swali huwa lile lile: mwalimu, nifanyeje nipate nafasi kubwa? Nami huwatajia Cleopatra Koheirwe, mwigizaji wa hapa Uganda. Wengi hawamjui. Wanamjua Forest Whitaker, aliyepata Oscar mwaka 2007 kwa kumwigiza Idi Amin. Koheirwe yumo katika filamu hiyo hiyo, The Last King of Scotland ya mwaka 2006, iliyorekodiwa hapa hapa Uganda. Humo anaitwa Joy. Uhusika mdogo, na ndio uliomfungulia mlango.

Mtazamaji haoni ugumu wa uhusika mdogo. Sini moja, yaani tukio moja la hadithi, hurudiwa mara nyingi: kamera inawachukua wote, kisha inamsogelea nyota, kisha inageuzwa kwako. Zamu ya nyota, wewe umesimama ubavuni mwa lenzi, huonekani, ila lazima useme maneno yako kwa moto ule ule, maana uso wake unaitikia sauti yako. Zamu yako ikifika, saa zimekwenda, jua limehama, na machozi ulishayamaliza kwa ajili ya mwenzako. Hapo ndipo ninapomheshimu mwigizaji.

Darasani nabandika kipande cha tepu sakafuni, alama ya mahali mwigizaji anapopaswa kusimama mbele ya kamera. Mwanafunzi aingie, asitazame chini, afike kwenye tepu huku akisema "Karibu, bwana" kama mtu aliye nyumbani kwake. Karibu wote huipita kwa nusu hatua. Kwa lenzi ya karibu, nusu hatua hiyo inatosha kuufanya uso uwe na ukungu. Halafu kuna ulimi: aliyekulia kwenye Kiganda, ambamo "r" hukaa baada ya "e" na "i" tu, atasema "lafiki" na "habali". Mhusika akiwa Mganda, naiacha, ni uzuri wake. Akiwa mtu wa pwani, tunakaa nayo wiki nzima.

Ila katika kazi ya Koheirwe, ninachokienzi zaidi ni Changes, tamthilia ya M-Net, kituo cha televisheni cha Afrika Kusini, iliyotengenezwa Nairobi na kuanza kuonyeshwa mwaka 2008. Humo alikuwa Nanziri, Mganda katikati ya Wakenya. Tamthilia hairekodiwi kwa mfuatano wa hadithi. Wakishapata sebule, sini zote za sebule ile zinamalizwa pamoja, za mwanzo na za mwisho. Asubuhi unaachwa na mume, mchana unachumbiwa naye, na nguo unabadilisha nyuma ya pazia. Mwigizaji asiyejua hasira yake ilifikia wapi katika sehemu iliyotangulia ataumbuka, kwa kuwa mtazamaji anayemkaribisha sebuleni kila wiki anakumbuka hata alivyosuka nywele. Filamu inakupa siku chache za kujaribu. Tamthilia inakufundisha kulea mtu mmoja kwa miezi, na naamini huko ndiko anakokomaa mwigizaji wetu.

Mwaka 2011 alirudi kwenye filamu na mwongozaji Matt Bish, katika State Research Bureau, jina la idara ya usalama iliyowatisha wazee wetu enzi za Amin. Kati ya hizo zote amekuwa pia mtu wa redio, akiandika na kuimba. Kwa soko letu hiyo ndiyo njia ya kulipa kodi ya nyumba huku ukingoja simu ya mwongozaji.

Jumamosi tunaanza na tepu. Kila mtu aje na daftari, aandike mhusika wake ameamka na hasira kiasi gani.