"Photoshop ya Flashi" na Mambo Yanayosemwa River Road

Ukizunguka River Road, Nairobi, humkosi wa kukuambia ana "Photoshop ya flashi", yaani programu ya kuhariri picha inayobebeka kwenye flashi bila kusakinishwa: unachomeka kwenye kompyuta yoyote ya saiba, unasafisha picha za harusi, unachomoa, unakwenda zako.

Wengi hudhani programu ya kubebeka ni ile kubwa iliyopunguzwa. Sivyo, yaweza kuwa nzito vilevile. Kinachoifanya ibebeke ni adabu yake ugenini: haiachi maandishi kwenye rejista ya Windows (daftari la mipangilio ya kompyuta), na brashi na mipangilio yake inavitunza ndani ya folda yake. Halafu kuna herufi ya diski. Saiba hii flashi yako ni E, ya jirani ni G. Programu iliyokariri E itazitafuta brashi zake isizione. Ndiyo maana mbunifu wa programu huielekeza ianze kutafuta pale ilipo yenyewe. Kazi ya kuchosha, lakini ndiyo kazi yenyewe.

Wengine huapa kwamba ikiwa kwenye flashi haili RAM ya kompyuta, ile kumbukumbu ya kufanyia kazi. Basi tupige hesabu. Picha ya megapikseli 24, yenye biti 16 kwa kila mojawapo ya rangi tatu, hula megabaiti 144 kwa safu (layer) moja tu. Weka safu kumi, umepita gigabaiti moja. RAM ikijaa, ziada humwagwa kwenye faili la muda, na hapa ndipo wabunifu wengi hujikwaa: wakiliweka faili hilo kwenye flashi, kila mpako wa brashi unakwama. USB 2.0 mwisho wake ni megabiti 480 kwa sekunde, na flashi za bei ya chini haziandiki hata karibu na hapo. Bora likae kwenye diski ya kompyuta, lifutwe programu ikifungwa. Ni kuacha alama kidogo, najua, lakini mimi nimeridhika nayo.

Rangi nazo hazisafiri kwenye flashi. Profaili ya skrini, yaani faili linaloeleza jinsi skrini inavyoonyesha rangi, ni ya skrini ile ile.

Na hiyo ya River Road? Adobe haitoi Photoshop ya flashi. Tangu 2013 imehamia mfumo wa kulipia usajili. Unachouziwa kimevunjwa kufuli na mtu usiyemjua, na huenda kimebeba virusi. GIMP, programu nyingine ya kuhariri picha, ina toleo la kubebeka, bure na halali. Photopea hufunguka ndani ya kivinjari na inasoma PSD, mafaili ya Photoshop. Flashi ibebe picha za bibi harusi.