Mikono ya Youn Yuh-jung

Katika kufundisha uigizaji wa kamera, neno ninalolisikia kutwa ni "kuvaa uhusika". Mwambie mwanafunzi aigize bibi: anapinda mgongo, anashika kiuno, anatetemesha sauti. Bibi kapatikana! Hapo huwa nawawekea Youn Yuh-jung, mwigizaji wa Korea Kusini, na nawaomba wamwache uso wake. Watazame mikono.

Katika Minari (2020), filamu ya Lee Isaac Chung, yeye ni Soon-ja, bibi anayetoka Korea kwenda kuishi na bintiye shambani huko Arkansas. Anavunja kokwa kwa meno, analitema, anampa mjukuu wake David. Aliyewahi kutafuniwa na bibi yake haoni ajabu yoyote hapo, ila David amekulia Marekani na anaona kinyaa. Youn hakirembi kitendo hicho hata kidogo. Hakifanyi kwa huruma ya kutuonyesha upendo, wala hatafuti kicheko. Anampa tu, kama mtu aliyekwisha kulisha watoto wengi. Baadaye Soon-ja anapigwa na kiharusi, mikono ileile inakuwa mizito, nasi tunaumia kwa kuwa tulikwisha kuizoea ikiwa myepesi, ikigonga karata huku mwenyewe akitukana.

Kabla ya kurekodi alimwuliza mwongozaji kama anatakiwa kumwiga bibi halisi wa mwongozaji huyo. Akajibiwa hapana. Nadhani nusu ya uigizaji ule imo katika jibu hilo.

Mwaka 2021 akawa Mkorea wa kwanza kupata Oscar ya uigizaji, kwa nafasi hiyo ya Soon-ja, akiwa na miaka 73. Jukwaani alimtaja Kim Ki-young, na wengi walilisikia jina hilo wakalipita. Kim ndiye aliyemwongoza katika filamu yake ya kwanza, Woman of Fire, mwaka 1971, miaka mitano baada ya Youn kuingia kwenye runinga kupitia usaili wa kituo cha TBC. Alicheza msichana wa kazi anayeivuruga nyumba ya tajiri zake. Kim alikuwa anakirudia kisa chake mwenyewe cha The Housemaid ya 1960. Mwaka 2010 mwongozaji Im Sang-soo akakirudia tena, na safari hii Youn akawa mtumishi mzee wa nyumba. Ukizitazama filamu hizo mbili mfululizo utamwona msichana aliyekuwa hatari amekuwa mama anayehudumia bila hata kutazama anachokishika, kwa sababu macho yana kazi nyingine: kupeleleza. Ujauzito wa msichana mgeni wa kazi anautambua yeye kwanza, na habari anaipeleka kwa wakubwa.

Katikati ya filamu hizo kuna maisha. Aliolewa, akahamia Florida, akakaa karibu miaka kumi mbali na kamera. Aliporudi Korea katikati ya miaka ya 1980, ndoa ikavunjika. Mwanamke aliyeachika hakuwa mtu wa kuonekana kwenye runinga ya Korea enzi hizo, na wapo watazamaji waliolalamikia hata sauti yake ya mkwaruzo. Alikuwa na watoto wawili wa kulisha, basi akapokea kila nafasi iliyokuja, kubwa kwa ndogo. Mwenyewe husema mwigizaji huigiza vizuri akiwa na shida ya pesa. Waandishi huuita upana wake kipaji. Mimi naona njaa imo ndani yake.

Chukua mwaka 2016 peke yake. Katika Canola ni bibi mpiga mbizi wa kisiwa cha Jeju. Katika The Bacchus Lady ni mwanamke anayejiuza kwa wazee katika bustani za Seoul, akianza kwa kuwauzia kichupa cha kinywaji. Kwenye tamthilia ya Dear My Friends ni mwanamke mwenye mkahawa, ambaye hakuolewa. Sauti ni ileile katika kazi zote tatu, mkwaruzo uleule. Sijaona akijitahidi kuificha.

Kisha kuna wali wa tamthilia ya Pachinko (2022). Sunja mzee, aliyeishi Japani karibu maisha yake yote, anakaribishwa chakula. Anatia wali mdomoni na kuutambua: mchele wa kwao, wa Korea. Ni kutafuna tu, na kamera imetulia.

Wiki iliyopita nilimpa mwanafunzi sahani ya wali afanye zoezi hilo. Alianza kulia kabla tonge halijafika mdomoni.