Ukishasema "did", wakati uliopita umeshabebwa

Wanafunzi wangu wengi wa Kiingereza ni watu wazima, wauza dagaa wa soko la Mwaloni pale Kirumba, Mwanza, madereva, vijana wanaotembeza wageni kisiwani Saanane, na karibu wote wanakuja na sentensi ya aina hii: "I did not saw him." Wanaisema bila wasiwasi maana shuleni walikariri see, saw, seen, wakaambiwa cha jana ni saw, basi. Mimi napenda kuanzia hapo hapo kwa sababu ukielewa kwa nini hiyo sentensi imekataa, kazi kubwa umeshaimaliza, na jibu lake unalo tayari kwenye Kiswahili chako.

Angalia. Tunasema "nilimwona". Ukikanusha unasema "sikumwona". Ile -li- haipo tena, -ku- ndo imebeba wakati uliopita, na hujawahi kusikia mtu anasema "sikulimwona", hata mtoto mdogo hasemi hivyo. Kiingereza nacho kiko hivyo hivyo yaani: "saw" ina jana ndani yake, ukikanusha inaingia "did" kuibeba hiyo jana, halafu kitenzi kinarudi kilivyokuwa, "I did not see him". Kuuliza pia, "Did you see him?", "Where did they sell the fish?" Alama ya wakati uliopita inakaa sehemu moja tu, ukiiweka mara mbili umefanya "sikulimwona" ya Kiingereza. Nikishawaambia hivyo naona sura zinabadilika, na hilo kosa linaanza kupungua lenyewe.

Shida inayofuata inatoka kwenye -me-. Sisi tunasema vizuri tu "meli imeondoka jana", hakuna anayeshtuka, kwa hiyo mtu anatafsiri "The ship has left yesterday". Hapana. Ukitaja muda ambao umeshaisha, yesterday, last week, in 1996, hiyo has iache kabisa: "The ship left yesterday." "The MV Bukoba sank on 21 May 1996." "The bridge at Busisi opened in June 2025." Ukiwa hutaji muda, ni habari tu inayogusa sasa hivi, hapo "The ship has left" iko sawa. Wanaotembeza wageni wajue pia kwamba Mwingereza atakuuliza "Have you eaten yet?" na Mmarekani mara nyingi atasema "Did you eat yet?", wote wako sahihi kwao, usichanganyikiwe.

Halafu kuna "I was go". Hii inatoka kwenye "nilikuwa naenda", mtu anaona nilikuwa ni was, anaunganisha. Kama ni kitu kilichokuwa kinaendelea, weka -ing: "I was weighing fish when he called." Kama ni mazoea ya zamani, nilikuwa naenda Ukerewe kila wiki, sema "I used to go to Ukerewe every week", au hata "I went" inatosha.

Vile vitenzi vinavyobadilika hovyo, nakushauri usikariri orodha ndefu kwa alfabeti, inachosha na inasahaulika. Anza na vya kazi yako. Wa samaki anahitaji buy bought, sell sold, catch caught, bring brought, pay paid, na cost ambayo haibadiliki kabisa, "It cost twenty thousand yesterday". Vikishakaa mdomoni ongeza vingine.

Kwenye matamshi ya -ed sisi tunapenda kuongeza irabu, "wokedi", "klinidi". Worked ni silabi moja inaishia na sauti ya t, cleaned ni silabi moja inaishia na d, ile "-id" inayosikika kabisa ni pale neno lenyewe linapoishia na sauti ya t au d tu, wanted, landed. Na wenye Kiingereza chao wakiongea haraka, "I walked to the market" na "I walk to the market" zinakaribia kufanana masikioni, kwa hiyo ukiwa msikilizaji tega sikio kwenye yesterday au last night, na ukiwa msemaji itaje mapema, mwanzoni mwa sentensi.