Maweni yanavuja jamani: kabla hujachimba kisima au karo la choo, lijue kwanza jiwe lako

Malalamiko yanayotufikia sana siku hizi sisi wa mamlaka ya maji kutoka vijiji vya mashariki na kusini ya Unguja ni ya aina mbili, kisima kimeingia chumvi, na kisima kinanuka. Mtu anakuja kavimba, anasema kalipa pesa nzuri, mashine imekuja imechimba, miezi sita maji yalikuwa matamu na sasa hata chai haiyataki. Nakaa nae namuuliza masuali mawili matatu, na mara nyingi nakuta shida haikuanza kwenye pampu wala kwa fundi, imeanzia kwenye jiwe lenyewe ambalo hakuna aliemuelezea lilivyokaa. Kwa hivyo leo naelezea jiwe, mana bila ya hilo vibali vyetu mtaviona usumbufu tu.

Maweni, yaani ile ardhi ya mawe mawe ya ukanda wa pwani, kule Paje, Jambiani, Makunduchi, Michamvi na kwengineko, yalikuwa bahari. Sio kwamba bahari ilipita juu yake, yenyewe ndio yalikuwa mwamba wa matumbawe hai kama ule unaouona leo maji yakipwa. Miaka kama 125,000 iliyopita dunia ilikuwa na joto kidogo kuliko sasa na bahari ilisimama juu mita 6 mpaka 9 zaidi ya ilipo leo, matumbawe yakaota humo, makombe na mchanga vikajaza nafasi zilizobaki, vyote vikashikana. Ndio mana ukivunja jiwe la uwani kwako unakuta kombe zima ndani yake, au ile michoro ya tumbawe kama nyota nyota. Ndani zaidi na upande wa magharibi ya kisiwa kuna chokaa ya zamani zaidi, ya mamilioni ya miaka, imekaa pamoja na mchanga na udongo, na huko maji yana tabia nyengine kabisa. Chemchem za upande wa Bububu ambazo tangu enzi za Sayyid Barghash zilivutwa kupelekwa mjini zinatoka kwenye mazingira hayo, sio kwenye maweni, kwa hivyo mtu wa Jambiani asijilinganishe na mtu wa Bububu.

Halafu bahari ikaondoka. Dunia ikawa baridi, maji mengi yakaganda barafu huko kaskazini na kusini kabisa, na kufika miaka kama 20,000 iliyopita bahari ilikuwa chini mita 120 hivi kuliko leo. Mkondo uliopo baina ya Unguja na bara ni wa kina kidogo, kwa hivyo ulikauka na Unguja ikawa sehemu ya bara, mtu na mnyama wanapita kwa miguu. Ushahidi upo, kwenye pango la Kuumbi karibu na Jambiani wataalamu wa mambo ya kale walichimba wakakuta mifupa ya punda milia, na punda milia haogelei kuja Jambiani. Pemba mambo yake ni mengine, mkondo wake una kina cha mita 800 hivi, haukukauka hata bahari iliposhuka vile.

Sasa hapa ndipo pa kupasikiliza. Muda wote ule ambao bahari ilikuwa chini, maweni yalibaki juu kama kilima kikavu na mvua ikawa inayapiga. Maji ya mvua yanabeba hewa ukaa, yakipita kwenye udongo wenye majani yaliyooza yanaongeza nyengine, yanakuwa na ukali kidogo, na chokaa haiwezi ukali huo, inayeyuka. Sio kwa siku moja wala kwa mwaka mmoja, lakini ukiipa maelfu ya miaka unapata jiwe lililotobolewa kila upande, nyufa zimekuwa mifereji, mifereji imekuwa mapango, dari za mapango mengine zimeanguka zikaacha mashimo. Ule udongo mwekundu mnaoupanda mihogo ndani ya vishimo vya mawe ni mabaki yasiyoyeyuka, yenye chuma, yamekusanyika humo kidogo kidogo. Mapango ya Kiwengwa ni kazi hiyo hiyo ya maji. Bahari ilipopanda tena, na ilikaribia ilipo leo miaka kama 6,000 au 7,000 iliyopita, ikaikuta mifereji hiyo imeshatoboka tayari, ikaingia ndani yake. Ipo ndani mpaka leo, chini ya nyumba zenu.

Kwa hivyo mtu akiniambia jiwe linachuja maji, huwa nasikitika kweli. Mchanga unachuja, mana maji yanapita baina ya chembe polepole na vijidudu vinabaki njiani. Maweni hayachuji. Maji yanateremka ndani ya ufa kama ndani ya bomba, na kwenye mawe ya namna hii yanaweza kwenda mamia ya mita kwa siku moja. Ile mita 30 kutoka karo hadi kisimani ambayo kila fundi anaitaja ni kipimo kilichowekwa kwa kufikiria udongo na mchanga. Kwenye maweni haikulindi, unaweza kukaa mita 30 ukawa salama kwa bahati na mwengine akakaa mita 100 akanywa karo la jirani, inategemea ufa umeelekea wapi na hakuna anaeuona kwa macho. Naomba sana, karo la kwenye maweni lijengwe chini kwa zege na pembeni kwa plasta isiyovuja, lisiachwe wazi chini ati maji yanywewe na ardhi. Karo ambalo halijai miaka 10 watu wanalisifu, mimi linanitisha, mana yale maji yamekwenda mahali.

Na chumvi je? Maji matamu ya maweni yanatokana na mvua, masika na vuli, basi. Ile habari ya mto wa chini kwa chini unaotoka bara kuja Unguja haipo, nimeshaulizwa mara nyingi na jibu langu halibadiliki. Mvua ikizama inakuta maji ya bahari chini, na kwa sababu maji matamu ni mepesi kidogo yanaelea juu yake, yanafanya tabaka, nene katikati ya kisiwa na jembamba ukikaribia ufukwe. Hesabu yake ni hii, kila mita 1 ambayo maji ya kisima yamesimama juu ya usawa wa bahari, chini yake kunakuwa na mita kama 40 za maji matamu. Geuza hesabu hiyo uone hatari yake. Ukivuta kwa pampu kubwa ukashusha maji nusu mita tu na ukaendelea hivyo hivyo, chumvi ya chini inaweza kupanda mita 20 kukufuata. Na kwenye maweni yaliyotoboka tabaka hilo ni jembamba zaidi kuliko hesabu inavyosema, mana maji kujaa na kupwa yanalikoroga kila siku. Wazee wanalijua hili, visima vyao vya pwani vinapanda na kushuka na bahari, na wakati wa bamvua, yale maji makubwa ya mwezi mwandamo na mwezi mpevu, ladha inabadilika.

Sasa mtu kisima kimeingia chumvi anafanya nini? Anachimba zaidi! Jamani, ukiongeza kina unayafuata maji ya bahari kwa miguu yako mwenyewe. Asilimia 2 tu ya maji ya bahari ikichanganyika na maji matamu inatosha kuyafanya ulimi uyakatae. Kwenye maweni kisima kizuri ni kifupi, kinavutwa kidogo kidogo kwa saa nyingi, simtanki linajaa usiku kucha, sio pampu ya kujaza kwa dakika 20. Na msichanganye chumvi na ugumu wa maji, ule ukoko mweupe ndani ya birika na sabuni kukataa povu ni chokaa iliyoyeyuka, maji ya maweni yote yanayo na haina maana kwamba kisima kimeharibika.

Kuhusu utaratibu, mana hapa ndipo watu wanapokwama. Kisima cha kuchimba kwa mashine kinahitaji kibali cha mamlaka ya maji kabla mashine haijafika, narudia, kabla. Anza kwa sheha wa shehia yako, njoo na barua yake na karatasi za kiwanja, onesha kwenye mchoro karo lako lilipo na la jirani pia, mana wengi wanaonesha la kwao tu na tunalazimika kurudi mara ya pili. Eneo linakaguliwa, kisima kikishachimbwa kinajaribiwa kwa pampu huku kina cha maji kinapimwa kabla, wakati wa kuvuta na baada ya kusimamisha, maji yanapelekwa maabara, na hapo ndio unajua uvute kiasi gani. Hoteli na miradi mikubwa inapita pia kwenye tathmini ya mazingira chini ya Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya Zanzibar ya 2015. Kuchimba mawe, kifusi na mchanga kuna kibali chake mbali, upande wa maliasili zisizorejesheka, na kibali cha kisima hakikupi ruhusa ya kuuza mawe yaliyotoka shimoni. Ukifanya bila ya kibali ni kosa la kisheria, na kumwambia mkaguzi "fundi ndio alisema" hakukuondolei wewe mwenye kiwanja jukumu hilo.

Kuna wanaoamini kwamba mawe ya juu yanaota tena yakivunjwa. Tumbawe hai ndani ya bahari ndilo linaloota. La nchi kavu limekufa zamani, ukilivunja limekwisha, na ukilitoa karibu na ufukwe unayasogeza mawimbi karibu na nyumba yako. Tazameni yale majabali ya Michamvi yalivyoliwa chini yakabaki kama uyoga, bahari inafanya kazi hiyo bila ya msaada wetu.

Anaetaka kuona namna ya kuishi juu ya maweni bila ya kisima atazame Chumbe. Kile kisiwa chote ni jiwe la matumbawe, kisima cha maji matamu hakina, wanakusanya mvua kwenye mapaa na vyoo vyao vinageuza kinyesi kuwa mbolea, hakuna karo linaloshuka kwenye jiwe. Kwa nyumba za pwani kabisa nawashauri tangi la mvua kabla ya kufikiria mashine.

Mwenye kisima tayari, lete sampuli tuipime. Chupa iwe safi, isuuze mara tatu kwa maji ya kisima hicho hicho, acha pampu ivute kidogo kwanza ndio ujaze, andika tarehe na saa na kama maji ya bahari yalikuwa yamejaa au yamepwa. Ukitaka kujua habari ya chumvi, chukua moja wakati wa bamvua na nyengine wakati wa maji mafu, yale yasiyojaa wala kupwa sana. Ya kutafuta uchafu wa vyoo ni tofauti, chupa yake unaichukua kwetu ikiwa imeshatayarishwa, usiisuuze, iweke kwenye barafu na uilete siku hiyo hiyo, sampuli iliyolala kwenye gari hatuipokei.