Sindano Sio Uuguzi Wote: Tunayoyasikia Wodini na Ukweli Wake

Hapa Tanga mtu akilazwa, jamaa hufika na chupa ya uji, kanga za kubadilisha, na maneno. Moja nalisikia karibu kila zamu: nesi ni wa sindano, kufikiri ni kwa daktari.

Si kweli. Uuguzi una nadharia zake, zilizoandikwa na wauguzi wenyewe. Florence Nightingale, muuguzi wa Uingereza, anakumbukwa kwa taa aliyoishika usiku akiwazungukia askari majeruhi, lakini mwaka 1858 alikuwa mwanamke wa kwanza kupokewa katika chama cha wanatakwimu cha London. Mwaka uliofuata alichapisha kitabu kilichohesabu hewa safi, mwanga, usafi, utulivu na chakula kuwa sehemu ya uuguzi. Tukifungua madirisha ya wodi upepo wa bahari uingie, hatutafuti ubaridi tu.

Wengine husema kumtazama mgonjwa kwa ukamilifu, mwili na roho na watu wake, ni upole tu. Ramadhani moja tulikuwa na bi mkubwa wa Mwambani, ana kisukari na kidonda mguuni. Asubuhi anachomwa insulini, dawa ya kushusha sukari, ikifika saa saba sukari imeporomoka, jasho linamtoka. Kwenye faili pameandikwa: hafuati maelekezo. Nikainama kuokota kanga yake, chini ya kitanda nikakuta bakuli la wali limefunikwa kwa sahani.

"Bibi, chakula hiki mbona hukula?"

"Cha magharibi hicho, mwanangu. Nimefunga."

Hakuna aliyekuwa amemuuliza, hata mimi.

Madeleine Leininger, muuguzi wa Marekani, alifundisha njia tatu: desturi ya mgonjwa ihifadhiwe, au ipatanishwe na tiba, au ikiwa inamdhuru asaidiwe kuibadilisha. Tukamwita mwanawe, naye akaja na imamu wa mtaani kwao. Imamu akamkumbusha kwamba Qurani yenyewe imemruhusu mgonjwa kula, na asiyetarajiwa kupona hulisha maskini kwa kila siku aliyoiacha. Bibi alilia kidogo, kisha akauliza fidia ni mchele kiasi gani. Mchana ule alikula, na sukari haikuporomoka tena.

Wapo pia wanaodhani ukamilifu huo maana yake ni kuchanganya dawa za hospitali na za kienyeji. Hapana. Ila tunauliza umekunywa nini nyumbani, kwa sababu baadhi ya mitishamba hugombana na vidonge.

Linalonigusa zaidi ni hili, kwa kuwa linatoka kwenye mapenzi: eti nesi mwema humfanyia mgonjwa kila kitu. Virginia Henderson, naye muuguzi wa Marekani, alisema muuguzi humsaidia mtu kwa yale ambayo angejifanyia mwenyewe kama angekuwa na nguvu, nia au maarifa, tena kwa namna itakayomrudisha upesi kwenye kujitegemea. Kuna mzee alipooza mkono wa kulia, binti yake akawa anamlisha uji kijiko kwa kijiko. Nikakitia kijiko katika mkono wake wa kushoto. Uji ukamwagikia kifuani, na binti akanitazama kwa uchungu. Siku ya tatu mzee alimaliza bakuli, akamwambia binti kesho aongeze sukari.